Televisheni Isomwe, Isitazamwe Tu

Visiwa vyetu si wageni wa televisheni. Ilipoanza mwaka 1973, Televisheni ya Zanzibar ilikuwa ya rangi tangu mwanzo wake, na hapakuwa na nyengine ya namna hiyo katika Afrika yote iliyo kusini mwa Sahara. Ndugu zetu wa Bara walingoja hadi mwaka 1994 ndipo wakapata vituo vya kwao. Twayakumbusha haya si kwa kujigamba, bali kwa sababu waliotangulia kupata chombo wanatazamiwa pia watangulie kujua namna ya kukitumia, na hapo ndipo tunapoona pana upungufu unaostahili kusemwa.

Televisheni ya wakati ule ilikuwa sanduku la kupokea. Kituo kikirusha, sanduku hupokea. Kituo kikifunga, sanduku hulala. Televisheni zinazouzwa leo Darajani na Mlandege, na zinazoteremshwa bandarini Mkoani na Wete, ni kitu chengine kabisa, juu ya kuwa kwa sura ni vioo tu vya kutundika ukutani. Nyingi ya hizo ni zile ambazo wauzaji huziita smati, yaani ndani yake imo kompyuta ndogo yenye kumbukumbu yake, saa yake na programu zake. Mnunuzi huambiwa: "Hii ina intaneti ndani." Ati intaneti imo ndani! Kilichomo ni uwezo wa kuifikia tu. Intaneti yenyewe mwenye nyumba ataileta kwa waya, au kwa ruta, au kwa simu yake ya mkononi, na ataigharimia yeye.

Ukiuliza televisheni hizo hufanya kazi gani, jibu ni moja karibu kila mtaa: mpira, tamthilia na video za YouTube. Hatuna ugomvi na mpira. Tunalolisema ni kwamba katika kioo kile kile mwananchi aweza kufungua utabiri wa hali ya hewa, matokeo ya mitihani, gazeti, kamusi au tangazo la Serikali, akausoma ukurasa huo kwa herufi kubwa pamoja na watu wake. Wengi hawajui kuwa jambo hilo lawezekana. Na katika wanaojua, wengi walijaribu mara moja, wakachoshwa na rimoti, wakaacha.

Msomaji atatuuliza: simu si ipo? Ipo. Walakini simu ni kioo cha mtu mmoja. Mzee wa miaka sabini ambaye nuru ya macho imepungua hawezi kuusoma waraka wa pensheni katika kioo cha upana wa kiganja. Humpa mjukuu amsomee, na mjukuu humsomea pale anapopaona yeye pana maana. Kadhalika dikoni. Julai mwaka 2012, katika msimu wa kusi, meli ya MV Skagit ilizama karibu na Chumbe katika upepo mkali na bahari iliyochafuka, na hapana haja ya kuwaeleza watu wa Visiwani msiba uliofuata. Hatusemi kwamba kioo cha televisheni kingeliiokoa meli ile. Tunasema kwamba Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutoa utabiri wa pepo na mawimbi ya bahari, na kwamba lau dikoni pangekuwa na televisheni moja yenye ukurasa huo kabla ya vyombo kushuka majini, watu ishirini wangeusoma pamoja na kuubishania pamoja, badala ya kumngoja aliyebakiwa na bando siku hiyo.

Sasa tuseme namna zenyewe, maana kuhimiza bila ya kueleza ni kazi ya hotuba.

Namna ya kwanza ni kutumia kivinjari kilichomo ndani ya televisheni yenyewe. Televisheni za Samsung, ambazo tangu mwaka 2015 hutumia mfumo wa Tizen, zinacho. Za LG, ambazo tangu mwaka 2014 hutumia mfumo wa webOS, zinacho. Na za Hisense zenye mfumo wa VIDAA kadhalika. Alama yake aghlabu huwa tufe la dunia, nayo hufichwa mbali nyuma ya alama za sinema na muziki, kwa sababu kampuni hulipwa kwa kuweka sinema mbele, hailipwi kwa mtu kusoma. Taabu ya namna hii ni kuandika. Mtu mwenye rimoti mkononi huitafuta herufi moja moja kwa vitufe vinne, juu, chini, kushoto, kulia, na anwani ya herufi ishirini humpotezea dakika tatu na subira yake yote. Lakini taabu hiyo ina dawa ambayo wauzaji hawaitaji. Nyuma au ubavuni mwa televisheni pana tundu la USB. Ukichomeka hapo kibodi ya kawaida ya kompyuta na kipanya chake, televisheni nyingi huvikubali papo hapo. Asiye na kibodi aweza kuweka katika simu yake programu ya kampuni iliyoitengeneza televisheni, kama SmartThings ya Samsung au ThinQ ya LG, na simu ikageuka rimoti na kibodi. Na ukurasa ukishafunguliwa mara moja uwekewe alama, usije ukaandikwa tena kesho.

Zipo televisheni zisizo na kivinjari. Zile zinazotumia mfumo wa Android TV au Google TV mara nyingi hutoka kiwandani bila ya hicho, na jambo la kushangaza ni kwamba Google, ambao ndio wenye Chrome, kwa miaka mingi hawakukiweka kivinjari chao katika duka la programu la televisheni hizo. Humo mwenye televisheni huchukua kivinjari cha watu wengine. Kimoja ni TV Bro, ambacho hutolewa bure na maandishi ya utengenezaji wake yamewekwa wazi kwa kila mwenye kutaka kuyakagua, nacho kimetengenezwa makusudi kwa ajili ya rimoti. Mwenye kijiti cha Amazon cha Fire TV atakuta Silk. Mwenye kisanduku cha Roku au cha Apple asijisumbue kutafuta, kwani watengenezaji wake hawakutaka kivinjari kiwemo. Huyo na apitie njia ya simu au ya kompyuta.

Njia ya simu inazo sura mbili ambazo watu huzichanganya, na kuzichanganya kunawagharimu. Sura ya kwanza ni kioo cha simu kuonekana chote katika televisheni, kila kidole kinapogusa. Kwa simu nyingi za Android hufanywa kwa Miracast, nayo haihitaji ruta wala intaneti baina ya simu na televisheni. Kwa simu za iPhone hufanywa kwa AirPlay, ambayo televisheni nyingi za Samsung na LG zilizotoka tangu mwaka 2019 zinaikubali. Hapo ukurasa unafunguliwa na simu, bando linalotumika ni la simu, na televisheni ni kioo tu. Sura ya pili ni ile inayoitwa kurusha, ambayo Google waliieneza tangu mwaka 2013 kwa kijiti cha Chromecast. Hapo simu haipeleki picha. Huipa televisheni anwani, na televisheni huenda kuichukua video yenyewe kutoka katika mtandao, huku simu ikibaki kama rimoti. Sura hii hufaa kwa video. Kwa kusoma kurasa, ya kwanza ndiyo inayofaa.

Namna tunayoipendelea sisi ni waya. Waya wa HDMI hubeba picha na sauti kwa pamoja, na televisheni yoyote yenye tundu hilo, iwe smati au isiwe, huwa kioo kikubwa cha kompyuta iliyochomekwa. Kompyuta ndiyo inayofanya kazi, ndiyo inayofungua mafaili, ndiyo inayopata marekebisho ya usalama. Televisheni inaonyesha tu. Skuli yenye kompyuta moja ya mwalimu na televisheni ya zamani ya ukumbini haina haja ya kununua televisheni mpya ili wanafunzi arubaini waone ukurasa mmoja. Wasio na kompyuta watazame vyombo vidogo kama Raspberry Pi 400, iliyotoka mwaka 2020 kwa bei ya dola 70 kule ilikotoka, ambayo ni kompyuta nzima iliyowekwa ndani ya kibodi; huchomekwa HDMI upande mmoja na umeme upande wa pili, ikawa imekwisha. Simu nazo zipo zinazotoa picha kwa waya kupitia tundu la USB-C, lakini si zote, na simu nyingi za bei nafuu hazina uwezo huo hata kama tundu linafanana. Mtu asinunue waya kabla ya kuuliza.

Tumesema kompyuta hupata marekebisho. Hili ni zito kuliko linavyoonekana, kwa sababu televisheni hununuliwa ikae miaka kumi, ilhali kompyuta iliyomo ndani yake hutunzwa na kampuni kwa miaka michache tu. Kurasa za mtandao siku hizi hulindwa kwa vyeti vya utambulisho, na vyeti vina tarehe ya kumalizika. Tarehe 30 Septemba 2021 kilimalizika muda cheti kimoja cha mizizi kilichokuwa kikitegemewa na kurasa nyingi zinazotumia huduma ya Let's Encrypt, na vyombo vingi vya zamani duniani ambavyo havikupata marekebisho vikakataa kuzifungua kurasa hizo, ingawa vyombo vyenyewe vilikuwa vizima. Machi mwaka 2025 vijiti vya Chromecast vya kizazi cha pili, vilivyotoka mwaka 2015, vilikataa kufanya kazi kwa siku kadhaa kwa sababu ya cheti kilichopitwa na wakati, mpaka Google walipovirekebisha kutoka huko huko kwao. Mwenye chombo hana la kufanya isipokuwa kungoja. Na lipo dogo la sababu hiyo hiyo ambalo ni letu hasa: umeme ukikatika, saa ya baadhi ya televisheni hupotea, na televisheni isiyojua leo ni tarehe ngapi huviona vyeti vyote kuwa vibovu. Unguja iliyokaa bila ya umeme tangu Desemba 2009 hadi Machi 2010 inajua kukatika kwa umeme ni nini. Basi ukiambiwa na kivinjari kwamba ukurasa si salama, kabla ya kumlaumu fundi, itazame saa.

Ama gharama. Kampuni ya Netflix yenyewe inaeleza kuwa saa moja ya filamu kwa ubora wa kawaida hula kiasi cha gigabaiti 1, kwa ubora wa juu hufikia gigabaiti 3, na kwa ubora wa juu kabisa hufikia gigabaiti 7. Ukurasa wa maandishi na picha chache ni megabaiti chache tu. Mtu akitoa gigabaiti moja kwa kusoma, atasoma siku nyingi. Akiitoa kwa filamu, haijaisha filamu. Tena televisheni, kwa kuwa kioo chake ni kikubwa, hujichagulia ubora wa juu pasi na kumuuliza mwenye bando, na yule aliyeiunganisha na simu yake hugundua jioni kuwa kifurushi cha wiki kimekwisha. Ubora huo hupunguzwa katika mipangilio ya programu yenyewe, na kupunguza huko ndiko kwanza kufundishwe katika kila nyumba.

Tukifika kwenye hatari hatutataka kumtisha mtu, lakini hatutanyamaza. Mwaka 2017 kampuni ya Vizio ya Marekani ilikubali kulipa dola milioni 2.2 baada ya kushitakiwa kuwa televisheni zake milioni 11 zilikuwa zikiandika kila kilichotazamwa na wenyewe, bila ya kuwaomba ruhusa, na habari hizo zikauzwa. Uwezo wa kutambua kinachoonyeshwa kiooni umo katika televisheni za kampuni nyingi mpaka leo, nao huzimwa katika mipangilio ya faragha, ambayo wachache huifungua. La pili ni vile visanduku vya bei rahisi visivyo na jina la kuaminika, vinavyouzwa kwa ahadi ya chaneli zote bure. Juni mwaka 2025 idara ya upelelezi ya FBI ilitoa onyo la hadhara juu ya visanduku vya namna hiyo vilivyokutwa na programu za wahalifu, vyengine tangu kiwandani, na mwezi uliofuata Google walifungua kesi wakieleza kuwa vyombo zaidi ya milioni 10 vilikuwa vimetiwa katika mtandao huo wa wizi, uitwao BADBOX 2.0. Kisanduku kama hicho hukaa ndani ya nyumba, huungwa na ruta moja na simu zenye fedha za wenye nyumba, na intaneti ya nyumba hiyo ikatumiwa na watu wasiojulikana. Mwenye nyumba haoni kitu, anaona mpira.

Kwa hiyo tunashauri, na hususan tunawashauri wenye mikahawa na mabaraza: televisheni ya hadhara ni ya kusomea, si ya kuingilia. Asiandike mtu neno lake la siri, wala asifungue benki wala baruapepe, katika televisheni ambayo kesho atakaa mbele yake mwengine. Na walio na watoto waweke namba ya kufungia kivinjari, kama wanavyofunga kabati ya dawa.

Tumebakisha upande wa pili wa jambo, na ndio unaotufanya tuandike. Mwananchi akiyafanya yote haya, akanunua kibodi, akapunguza ubora, akafungua ukurasa wa ofisi ya umma mbele ya jamaa zake, mara nyingi atakutana na nini? Atakutana na kichwa cha habari, na chini yake faili la PDF la kuteremshwa. Na ndani ya faili hilo, mara nyingi, si maandishi bali ni picha ya karatasi iliyopigwa muhuri. Kivinjari cha televisheni aghlabu hakiteremshi mafaili. Tangazo limetolewa, idara imetimiza wajibu wake, mwananchi amefika mlangoni, na mlango ni wa picha. Kipofu anayesomewa na programu ya sauti naye hawezi kuipata picha hiyo, na mwenye simu dhaifu hula bando lake kwa muhuri.

Wanaodai kuwa kuandika tangazo kama maandishi ya kawaida ni jambo gumu, watazame kurasa za matokeo ya mitihani za Baraza la Mitihani la Tanzania. Ni majedwali matupu, hayana mapambo, na mtu wa mambo ya urembo atayacheka. Lakini hufunguka katika simu ya bei ya chini, hufunguka katika televisheni, na siku ya matokeo mzazi wa Micheweni na mzazi wa Makunduchi huyasoma matokeo yale yale bila ya kuteremsha faili. Huo ndio utumishi tunaoutaka katika matangazo ya ardhi, ya maji, ya ajira na ya zabuni. Waraka wenye muhuri na uendelee kuwapo kwa ajili ya sheria. Ila maandishi yake yawekwe juu yake, katika ukurasa wenyewe, kwa Kiswahili, na kwa herufi zinazokubali kukuzwa.

Liko pia suala la ununuzi. Ofisi na skuli zinapopewa televisheni kubwa, huandikwa katika orodha ukubwa wa kioo kwa inchi, na aghlabu huishia hapo. Uingereza, tangu tarehe 29 Aprili 2024, sheria inamlazimisha mtengenezaji wa vyombo vya namna hii aseme wazi ataviletea marekebisho ya usalama mpaka lini. Samsung mwaka 2024 walitangaza hadi miaka saba kwa televisheni zao mpya za Tizen. Mnunuzi mkubwa hapa kwetu ni Serikali, na mnunuzi mkubwa anayo haki ya kuuliza anachouliza Mwingereza. Katika orodha zinazotayarishwa, chini ya inchi, iandikwe miaka ya marekebisho, kivinjari kinachofanya kazi, na tundu la USB linalokubali kibodi ya kawaida. Kisha siku ya kufungua zabuni, muuzaji aletewe rimoti yake mwenyewe mbele ya kamati, aambiwe aufungue ukurasa mmoja wa Serikali na kuusoma. Na asiyeweza, arudi na televisheni yake.